Wanauliza Kama Nimenyoa

Dada yangu Kemunto,

Nakusalimu kutoka huku Ufilipino, nikitumaini kwamba barua hii itakukuta umekaa, si umesimama, kwa sababu najua ule mguu wako huvimba msimu wa kuchuma chai. Je, umepoa? Na yule ng'ombe mwenye doa jeupe, alizaa salama? Shemeji alimaliza kuezeka jiko, au bado mnapika mkiwa na mwavuli? Mimi mwilini sijambo. Nakula, nalala, nahudhuria masomo.

Nakuandikia Kiswahili, na najua utashangaa, kwa maana mimi na wewe hatujawahi kuzungumza Kiswahili hata siku moja tukiwa peke yetu. Nilijaribu mara mbili kuandika kwa Ekegusii nikashindwa kuvuka salamu. Kiswahili kinaniweka mbali kidogo, kama mwalimu yuko mlangoni. Nivumilie.

Barua yako ilinifikia. Ilinifikia zamani, dada. Usidhani kwamba ilipotea njiani. Niliisoma nikiwa nimekaa kitandani. Nikajua kwamba baba amefariki, kwamba mlimzika upande wa migomba ya juu, karibu na mama, na kwamba ulitupa udongo kaburini kwa mkono wako, kisha ukatupa tena kwa niaba yangu. Na mwisho kabisa, chini ya jina lako, uliongeza: "Wewe ndiye kijana pekee wa mzee. Watu wanauliza kama umenyoa. Niwaambie nini?"

Sikukujibu. Wewe na wadogo zetu mlikuwa mmekwisha kunyolewa kama watoto wanaofiwa na baba, na mimi nilikuwa na zile nywele zangu kubwa nilizoanza kuziacha nikifanya kazi kwa bwana shamba kule Kisii mjini. Unakumbuka baba alivyoniangalia nilipokuja kuaga? Alizunguka kiti changu, akaniuliza huko ninakokwenda nitafuga ndege gani kwenye kichaka hicho. Hilo ndilo karibu neno la mwisho aliloniambia, na nilikuwa nimekasirika.

Nilijua kwamba nikinyoa, wenzangu darasani wataniuliza sababu, na itabidi niseme kwa kinywa changu kwamba baba amekufa. Basi niliikunja barua, nikaenda kwenye somo la mbegu. Hata Mutua, kijana wa Machakos tuliyetumwa naye huku, sikumwambia, ingawa tunalala chumba kimoja na hujua hata nikiota. Siku zikapita. Kila siku iliyopita ilifanya iwe vigumu zaidi kusema, kwa sababu wangeniuliza, mbona hukusema jana?

Katika hali hiyo chuo kilitupeleka safari fupi ya kutembea kwa miguu katika milima ya kaskazini, tuone mashamba ya mpunga ya ngazi. Ukitaka kuyaelewa, chukua ule mteremko wetu wa kutoka Kebirigo kwenda mtoni, uufanye mkali zaidi, halafu uukate vipandio toka kileleni hadi bondeni. Kila kipandio kina ukuta wa mawe, na juu yake maji yametulia kama uji kwenye bakuli, na mpunga umesimama ndani. Maji hushuka kutoka shamba hadi shamba bila kubeba udongo. Nilimkumbuka baba, aliyekuwa akienda kwa jirani wa chini kila baada ya mvua kubwa kudai udongo wake. Kule hakuna wa kudai.

Aliyetuongoza alikuwa mzee anayeitwa Tomasi, wa rika la baba, anayetembea bila viatu, panga kiunoni, meno mekundu kwa kutafuna tambuu. Njia yenyewe ni juu ya zile kuta za mawe, nyembamba kuliko kitanda cha mtoto. Nilitumbukia kwenye matope mbele ya kundi zima. Mzee alinivuta mkono, akanipangusa kama mtoto, nami nikasema, "Asante, baba." Tangu hapo nikawa namwita hivyo. Kiingereza chake ni cha kuokota kama changu, lakini tulielewana.

Tulipokuwa tumepumzika juu ya ukuta aliniuliza, "Na baba yako nyumbani, hajambo?"

"Hajambo," nikamjibu. "Analima."

Mutua akadakia, "Mzee wake ana migomba mpaka mtoni, na huyu mtoto hajawahi kutuletea hata kikonyo."

Wote walicheka. Na mimi nilicheka, dada. Nilicheka nikiwa na barua yako mfukoni. Sijui kama nitaweza kukueleza uso kwa uso jinsi kicheko kile kinavyonirudia.

Alasiri tulifika kijijini kwa mzee, na mvua ikatukuta mlangoni. Nyumba zao ni za mbao na nyasi, zimesimama juu ya nguzo nne, na unapanda kwa ngazi. Ndani ni chumba kimoja tu. Moto uko humo, kulala humo, wageni humo. Tulipanda wote tukiwa tumelowa chapachapa. Nilikuwa ndio kwanza nakaa karibu na moto nilipomwona mzee Tomasi akivua shati, kisha akaanza kufungua nguo ya kiunoni aibadilishe, mke wake akimshikia nyingine, bila wasiwasi wowote.

Wewe unajua chinsoni zetu, ile miiko ya heshima kwamba mwana haoni uchi wa baba yake, huhitaji kuelezwa. Miguu yangu iliondoka kabla yangu. Nilishuka ile ngazi nikarudi mvuani.

Nilikumbuka ule mwaka niliotoka jandoni. Baba alirudi kutoka Keroka amelowa, akabisha ili nitoke apate kubadilisha nguo, nami nilikuwa nimesinzia kando ya moto sikusikia. Hakuingia. Hakunipigia kelele. Alisimama nje chini ya paa, maji yakimtiririka mgongoni, mpaka nilipoamka mwenyewe na kutoka. Akanipita akasema tu, "Sasa wewe ni mtu mzima." Koti lake lilinuka mvua wiki nzima.

Chini ya nyumba ya mzee, kati ya nguzo, palikuwa pakavu. Kuku walikuwa wamejikunyata. Karibu na kuni, juu ya ubao, kulikuwa na mzigo umefungwa kwa blanketi zito lililofumwa kwa rangi nyekundu na nyeusi. Nilidhani ni mbegu. Nikaukalia.

Mutua alichungulia kutoka juu. "Omwenga, panda bwana. Kuna moto."

"Siwezi. Mzee anavua nguo."

"Sote tunavua nguo. Tumelowa."

"Wewe si mwanawe."

"Na wewe umekuwa mwanawe lini?"

"Nimemwita baba tangu asubuhi."

"Basi mwite mjomba, uje ule wali."

Nilikataa. Kidogo mke wa mzee alishuka, ameniletea shuka kavu. Alipoona nilipokaa alifunika mdomo kwa kiganja, akaita juu kwa lugha yao. Mzee akashuka akiwa amejifunga vizuri. Hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililonimaliza.

"Mwanangu," akasema, "inuka polepole. Umemkalia baba yangu."

Ni desturi ya kule, dada. Mtu akishazikwa na miaka ikapita, hufukuliwa mifupa yake, ikasafishwa, ikafungwa kwa blanketi zuri, akarudishwa nyumbani akae na watu wake kwa muda kabla ya kupelekwa tena kaburini. Mimi nilimkimbia mzee nisimwone vibaya, nikaenda kumkalia baba yake.

Nilipiga magoti kwenye tope la kuku. Nikaomba msamaha kwa Kiingereza, nikaomba kwa Kiswahili. Mzee akatikisa kichwa. "Usiniambie mimi. Mwambie yeye, kwa lugha ya kwenu. Atasikia."

Najua baba, mzee wa kanisa, asingependa kuona mwanawe akizungumza na mfu. Lakini kosa lilikuwa langu na nyumba ilikuwa yao. Nikafungua kinywa kwa Ekegusii, na neno la kwanza lilikuwa "Tata," lile tulilomwitia baba. Hapo ndipo nilipofahamu kwamba sijalitamka tangu barua yako ifike. Yaliyofuata hayakuwa tena ya yule mzee wa ndani ya blanketi. Nilisema, Tata, sikuja. Nilisema, Tata, nimewaambia watu unalima. Sikumbuki mengine. Nililia kama nilivyolia kwa mama, na kuku wakaniangalia.

Nilipotulia, mzee Tomasi alikuwa amechuchumaa kando yangu.

"Ulisema baba yako hajambo."

"Nilisema uongo. Amezikwa. Sikuwepo."

Mutua alikuwa katikati ya ngazi na sahani ya wali niliyokataa kuifuata. Aliacha kutafuna. "Omwenga," akasema, "tunalala chumba kimoja." Afadhali angenitukana.

Mzee akauliza, "Kwenu, mtu akifiwa na baba hufanya nini?"

Nikamwambia, hunyoa.

Mvua ilipokatika, Mutua alitoa wembe wake. Mzee alinimwagia maji kichwani kwa kibuyu, maji yale yale ya kwenye mashamba, na Mutua akaninyoa nikiwa nimekaa juu ya gogo. Yeye ndiye aliyezoea kunitania kuhusu kichaka hiki, lakini siku hiyo hakutania mpaka alipofika kisogoni. "Kichwa chako kina kona," akasema, akaendelea kunyoa. Mke wa mzee alizikusanya nywele zote, asiache hata moja, akaniuliza kwa ishara azipeleke wapi. Nyuma ya nyumba yao kuna migomba, dada. Nikamwonyesha shina. Akazifukia hapo.

Asubuhi tuliendelea na safari. Jua lilinichoma kichwa, mzee akanivika kofia yake ya majani. Nilimwita baba tena, naye aliitikia.

Sasa swali lako. Waambie nimenyoa. Usiwaambie kwamba ilikuwa siku ile barua ilipofika, maana wakikudadisi hutaweza kusema uongo, na uongo wa huku unatosha. Waambie Omwenga alichelewa, na kwamba alinyolewa na mwana wa Ukambani mbele ya mzee wa nchi nyingine. Wakicheka waache wacheke.

Nisalimie shemeji, na wadogo zetu wawili huko walikoolewa Mosocho. Nisalimie mama mkubwa, mwambie naendelea kuvaa ile sweta aliyonifumia. Msalimie na jirani wa chini. Mwambie udongo wa baba auweke tu.

Masomo yataisha kabla ya Krismasi. Nikifika sitaingia ndani moja kwa moja kama mgeni anayengojewa kwa chai. Nitasimama nje, chini ya paa la baba, pale aliposimama siku ile ya koti, hata kama mvua inanyesha. Nitangoja hapo mpaka wewe uje uniite.

Ni mimi mdogo wako,
Omwenga