Sori ya Baba Neema

Jumanne. Rasharasha tangu asubuhi, na Erdington, mtaa wetu huku Uingereza, wote una rangi ya maji ya kuoshea vyombo. Leo sina zamu. Nimekaa mezani na barua.

Nianze kwa kukiri: kesi ya mume wangu ilifutwa kwa sababu yangu.

Baba Neema alikuwa mfanya usafi katika shule moja ya msingi. Siku moja mtoto aliteleza ukumbini akaumia mkono. Sakafu ile hakuwa ameipiga deki yeye. Lakini alikimbia, akamwinua, akawa anamwambia, "Sori, mwanangu, sori sana." Mwalimu alisikia. Kwenye ripoti ikaandikwa kwamba amekiri kosa, wakamfukuza.

Alikuwa anasema pole tu. Kwa Kiingereza hakuwa na neno jingine.

Mimi nikirudi kazini alikuwa akiniambia pole kabla sijavua koti. Siku hizi navua koti kimya, halafu nasimama pale mlangoni kidogo, sijui nangoja nini.

Alipeleka malalamiko kwenye baraza linalosikiliza kesi za wafanyakazi wa shule. Kabla hajaitwa, moyo wake ukasimama. Barua za baraza zikaendelea kuja kwa jina lake. Sikuzifungua. Tangu tuoane sikuwa nimewahi kufungua barua ya mume wangu. Nilizipanga kitandani, upande wake. Baraza lilipokosa jibu, likaifuta kesi.

Jumamosi ndipo nilipozifungua zote. Jana nikalipigia baraza simu, na jioni jibu likaja kwa barua pepe. Neema, binti yetu, akanisomea: kesi inaweza kufufuliwa, mradi nieleze kwa nini nilinyamaza na kwa nini isikilizwe. Mwisho wa kuomba ni leo.

Kufufuliwa. Neno hilo nililala nalo.

Leo Neema amerudi mapema kutoka chuoni ili anichapie barua ya maombi. Mimi nasema Kiswahili, yeye anajibu Kiingereza, ndivyo tulivyo.

"Mama, hapo kwenye sori watakushinda," alisema. "Sori ni sori."

"Wewe ukijikwaa, baba yako alikuwa anakwambia nini?"

"Sori."

"Kwani ndiye aliyekusukuma?"

Akacheka. "Dad? Alimwambia sori hata paka wa jirani aliponyeshewa."

Nami nikacheka. Ndiyo mara ya kwanza tumecheka kwa ajili yake tangu tumzike.

Neema akarudi kwenye ile barua pepe ya baraza ili anakili namba ya kesi. Akasoma mstari wa kwanza, akauelekezea kidole. Kwa Kiingereza walikuwa wameandika kwamba wako sori kwa msiba wangu.

"Mama! Kwani hawa ndio waliomuua?"

Tukaiandika hivyo hivyo, kwa adabu. Kwamba walinipa pole kwa neno lile lile la mume wangu, nami nikawashukuru, wala sikudhani wamekiri kosa. Kuhusu ukimya wangu nimeeleza ukweli: barua hazikuwa zangu.

Tumeituma saa tisa na nusu.

Sitafuti kazi irudi, maana mwenye kazi hayupo. Nataka tu pale palipoandikwa kwamba amekiri pafutwe. Alikufa akijua kwamba wazazi wa yule mtoto wanaamini aliyemwinua ndiye aliyemwangusha. Hilo ndilo linaloniuma kuliko kufukuzwa.

Wakikubali, nitaitwa mimi. Neema anasema swali la kwanza litakuwa rahisi: nitaje jina kamili la marehemu.

Haoni shida iko wapi. Miaka yote nimemwita Baba Neema, na kabla Neema hajazaliwa nilimwita "wewe". Jina lake sijawahi kulitamka mbele ya watu.

Nimelijaribu jikoni, bomba likiwa wazi ili Neema asinisikie. Mara ya kwanza sauti ilikatika. Mara ya pili limetoka lote, la kwake na la baba yake.

Kesho nitalijaribu bomba likiwa limefungwa.