Kopo la Viwavi na Chupa ya Dawa ya Pamba

Jumamosi, saa saba mchana. Jua kali, upepo wa vumbi, moyo mweupe kabisa.

Sasa hivi Kabula ameweka jani la kiazi juu ya simu ninayoandikia. Amelipindua kwa kidole chake kilichojaa udongo, akasema, "Mayai." Kweli, mayai madogo ya mviringo, yamepangwa kama shanga. Amelitia kwenye kopo, amekimbia kutafuta mengine. Ana miaka mitatu.

Nimeshinda. Acha niandike hivyo hivyo.

Tunakaa na mama mkwe huku Bugarama. Baba Kabula yuko mashimoni kwenye dhahabu, anarudi akipata nafasi. Nyuma ya bafu, pale maji ya kuogea yanapotokea, ndipo tunapotunza marando ya viazi kiangazi chote. Mvua ikianza, hayo ndiyo mbegu yetu. Yakifa, hakuna viazi, hakuna michembe ya kukausha, hakuna matobolwa, vile viazi vya kuchemsha na kukausha, ya kumpa mtoto asubuhi.

Na majani yake ndiyo mboga. Kabula huyachuma na kuyatafuna mabichi. Nikimkataza anacheka.

Mwezi uliopita majani yakaanza kutobolewa na viwavi wenye manyoya. Na mchana kweupe, wadudu wa rangi wakawa wanazunguka juu ya marando, mabawa meusi yenye madirisha ya njano, tumbo lina mistari myekundu na ya buluu inayong'aa. Mama mkwe akasema ni nyigu, watamuuma mtoto. Akaleta chupa ya dawa iliyobaki msimu wa pamba, apulizie wote pamoja.

Dawa ya pamba, kwenye mboga ya mwanangu.

Nikamwambia kwa adabu hao si nyigu, ni nondo wa mchana, ndio mama zao hao viwavi. Niliishia darasa la saba, lakini ule mchoro wa yai, kiwavi, pupa na kipepeo sijausahau. Nikaomba wiki tatu nichume viwavi kwa mkono. Akanipa mbili.

"Wenzako wanafuga ng'ombe," akasema, "wewe mke wa mwanangu unafuga viwavi."

Ni kweli nilimfuga mmoja, nimwonyeshe atakavyogeuka nondo, kwenye kopo la plastiki, nikafunika kwa kipande cha chandarua. Akala siku mbili, akajiviringisha kwenye manyoya yake mwenyewe, kisha kimya. Nakiri nilitikisa kopo mara mbili. Nakiri tena, Jumanne nilificha bomba la kupulizia dawa nyuma ya magunia ya mpunga. Imani ilikuwa imeniisha.

Kabula hakuwa na habari na mambo yetu. Yeye alikuwa anawafuata tu wale wa rangi. Mmoja akitua, anachuchumaa na kusubiri. Akiruka, anapindua jani.

Mayai.

Hapo ndipo akili iliponifunguka. Nondo wengine wanataga gizani, huwaoni. Huyu anajitangaza juani na mavazi yake ya sherehe, anakuonyesha mwenyewe pa kuchuma. Toka siku hiyo tukawa tunamfuata wote wawili, mtoto mbele, mama nyuma na kopo. Majani mapya yakaanza kuchipua.

Leo ndiyo siku ya mwisho niliyopewa, na leo asubuhi wangu wa kwenye kopo ametoka, nondo kamili. Mabawa yalikuwa yamekunjamana kama kitenge kilichokamuliwa, yakanyooka polepole. Nikamwita mama mkwe. Nikaingiza kidole koponi, nondo akapanda. Kabula akatoa chake, akahamia huko. Hakuna aliyeumwa.

 Kisha mama mkwe akanyoosha mkono wake wenye sugu za jembe. Mdudu akatembea mpaka kwenye kifundo. Hakumkung'uta.

"Bomba liko nyuma ya mpunga," akasema taratibu. "Nilijua toka Jumanne."

Nilitamani ardhi inimeze. Lakini alichukua chupa ile, akaifungia kwenye sanduku na vifaa vya pamba, ufunguo akautia kwenye pindo la kanga. Mdudu tukamwachia aende. Akirudi kutaga, tutamfuata.

Namwangalia Kabula huko alipo, matembele mdomoni, na kwa mara ya kwanza mwezi huu simkatazi. Baba yake akipiga simu leo nitamwambia kwamba mke wake wa darasa la saba ame...

Mama mkwe ananiita kutoka kwenye marando. "Mama Kabula, lete kopo lingine. Hili limejaa."