Kwa Metodi, Aliyejiimbia Kilio

Mwaka umetimia, Metodi, tangu moyo wako usimame ukiwa mezani unaandika. Leo tumepika ngano ya marehemu, tumekumwagia divai kaburini, na picha yako tumeibandika mlangoni pa jengo, majirani waione wakipita na mifuko yao ya sokoni.

Ulikuwa na huruma hata kwa paka wa ngazini. Kahawa uliisahau mpaka ikapoa. Ulipoandika filamu ulitusomea kwa sauti zote, ya mfalme na ya farasi wake, mpaka mwenzetu wa ghorofa ya juu akagonga sakafu.

Kazi yako ya mwisho ilihusu mshairi na mtunzi wa muziki wa zamani, wote wana wa milimani kwetu. "Snezhina mke wangu," ulikuwa ukiniambia, "hawa hawakufundishwa na shule. Walifundishwa na akina mama waliolia makaburini." Ndiyo maana ukamfuata shangazi yako Kera kijijini, anayejua bado nyimbo za kilio, ukataka akuimbie pale marehemu anapoitwa kwa jina.

"We mtoto, una wazimu? Kilio hakiimbwi bila maiti!"

"Basi nitaje mimi, shangazi. Snezhina ananiita chakula mara tatu na sisogei."

Alitema mate pembeni kufukuza balaa, akatoka nje. Ukaimba mwenyewe, jikoni, kwa jina lako, huku unacheka. Ilikuwa kipindi cha baridi; majani mapya ya miti hayakuwa yamefunguka bado tulipokuzika.

Watu wanasema ni moyo tu, daktari alikwisha kukuonya. Huenda. Lakini sisi tunakiogopa kilio kile, Metodi, na hatuoni aibu kusema.

Binti yetu Radosveta ameamua kuimalizia filamu yako. Anajifungia chumbani mwako anaimba kilio kile, apate kuandika tukio la mwisho. Akikaribia penye jina nainuka. Nagonga mlango. Napeleka chai. Juzi niliangusha sufuria kwa makusudi.

"Mama, acha vituko," akaniambia. "Sijitaji mimi. Namwita baba."

Nilidhani nitapumua. Nikampigia shangazi Kera, nikamuuliza baada ya jina panafuata nini. "Panafuata ombi," akasema. "Mtoto anamwomba baba yake amsogezee nafasi kaburini, alale kando yake." Tangu hapo silali.

Tunaokukumbuka ni mimi mkeo Snezhina, shangazi yako Kera, nduguyo Zahari, na Radosveta, ambaye hata sasa yumo chumbani mwako. Hutatutoka moyoni siku zote za uhai wetu.

Tangu azaliwe hukuweza kumnyima mtoto huyu kitu, Metodi. Hiki mnyime.