Bwana wa Kibengali Anataka Kuja Angurai

Jumatano, Malaba. Mvua imenyesha tangu mchana, na mabati yamepiga kelele mpaka nikafunga cherehani mapema.

Shajara, leo nina furaha ya kijinga na sitaki kuificha.

Unamjua Ekisa wangu. Kazi yake ni kutafsiri filamu kwenye kibanda cha video karibu na maegesho ya malori. Anapunguza sauti ya filamu, anashika maikrofoni, anawasemea waigizaji kwa Kiswahili. Mimi napenda za Kibengali, zile za Kolkata, ingawa Kibengali chenyewe Ekisa hajui hata salamu. Anabahatisha tu. Wapenzi wa filamu hizo hawana haraka. Mtu anampenda mwenzake filamu nzima, na cha maana anachofanya ni kummiminia chai. Ekisa huwatia maneno matamu mdomoni mpaka akina mama kwenye mabenchi wanajipepea.

Akizima maikrofoni, ni bubu.

Hajawahi kuniambia ananipenda. Kwetu Angurai wazazi wamechoka kuuliza kama atakuja kujitambulisha. Wiki hii niliamua kuachana naye, na nikalia huku nashona sare za shule.

Leo nikaingia kibandani kumwambia. Kwenye skrini, bwana na bibi wamekaa barazani, mvua inanyesha, kimya. Ekisa akaniona mlangoni. Naye akanyamaza.

"DJ, umelala?" watu wakapiga kelele.

Akakohoa. Bwana wa Kibengali akafungua mdomo, na sauti ya Ekisa ikatoka: "Aki mimi kuongea siwezi. Lakini nakupenda. Jumamosi nataka kuja Angurai kuona wazazi. Mama yako anakunywanga chai gani?"

"Kwani Angurai iko India?" mzee mmoja akauliza. Kibanda kizima kikacheka.

Mimi sikucheka. Nilijifuta macho kwa leso na kukaa mpaka mwisho.

Nje, alikuwa bubu tena, anazungusha waya wa maikrofoni mkononi. Nikamwambia, "Ambia yule jamaa, mama anakunywa ya maziwa. Na asichelewe."

Alifungua mwavuli, akanishikia mimi, yeye akalowa mpaka kwangu.

Nimeshampigia mama. Ameuliza kama huyo kijana ana maneno mengi. Nimemwambia hana hata moja, na amchinjie jogoo.