Kina cha Kijito cha Kariobangi

Dada Mwende,

Natumaini wewe na mama mko salama huko Kitui. Mimi ni mzima, ingawa kwa shida.

Ofisi ilinituma Kariobangi nikapime kina cha kijito mahali kinapoingia Mto Mathare. Bila kipimo hicho, mkataba wangu hauongezwi. Kijito chenyewe ni chembamba, kinapita nyuma ya karakana za jua kali, na leo asubuhi kilikuwa cha kijani kwa sababu huko juu kuna lori lililokuwa likipakwa rangi. Unajua mito yetu ya huko nyumbani ni mchanga mtupu. Mto wenye maji mimi sijui unaingiwaje. Nilisimama ukingoni saa nzima na rula yangu.

Mama mmoja aliyekuwa akipalilia nduma akaniita, "Wewe karani, unangoja kamto kakauke?"

"Naogopa, mama. Huenda maji ni mengi."

"Kamto kadogo hivi! Ngoja nikuitie msaidizi."

Msaidizi alikuwa bata bukini wake, mlinzi wa shamba. Alinijia mbio, shingo imenyooka, nami nikaruka majini nikitubu dhambi zote kwa sauti, hata ile ya kuku wa shangazi. Maji yakaishia magotini.

"Sasa andika!" mama akasema, akicheka hadi akaketi.

Nilipima suruali mahali rangi ya kijani ilipoishia: sentimita arobaini na nane. Kwenye fomu ya ofisi, penye "tabia ya mto", nimeandika: mpole kuliko majirani wake.

Nawapenda sana. Mungu awape mvua huko, ya kufika magotini tu.

Nduguyo,
Musyoka