Nimekonda kwa Mpira, Tata

Jumatatu, 4 Februari

Mazoezi saa kumi na mbili asubuhi. Umande, baridi, raba ya kulia imetoboka. Mpira umeingia kwenye migomba ya jirani mara tatu, na mara zote nimeufuata mimi. Ndiyo kazi ya nahodha. Winga wetu wa kushoto bado anaogopa pembe ile yenye handaki la wakati wa vita. Lilifukiwa hovyo, ardhi inabonyea. Nimemwambia vita vilishakwisha, kimbia. Hakucheka.

Tuko kumi na wawili. Mwalimu Paskazia alipoanzisha timu hii ya wasichana mwaka jana tulikuwa ishirini. Wavulana wa chuo chetu cha ualimu walileta viti waje kucheka vizuri. Mechi ya kwanza tulifungwa saba. Ya pili tano. Ya tatu tukatoka sare, na siku hiyo hakuna aliyeleta kiti. Nayaandika haya kwa sababu najua hakuna mwingine atakayeyaandika.

Tarehe 23 tunakwenda Muleba kucheza na wanafunzi wa uuguzi. Mechi yetu ya kwanza ya ugenini. Mkuu wa Chuo kasema wazi: tukipungua chini ya kumi na mmoja, timu inafutwa na uwanja wetu unapandwa maharage. Maharage!

Alhamisi, 7 Februari

Sketi ya sare inanishuka. Nimeibana kwa pini. Golikipa wetu, Adventina, kanicheka, eti nimebaki fito. Mwenyewe nimefurahi. Nakimbia mlima wa Nshambya kwenda na kurudi bila kusimama.

Nyumbani hawajui lolote. Baba ni katekista. Binti yake kuvaa kaptula na kugombania mpira mbele za watu? Thubutu. Nimewaambia niko kwaya. Mimi, na sauti hii!

Jumapili, 10 Februari

Nimerudi sasa hivi kutoka nyumbani Kishanda. Jana tumemzika binamu yangu. Wa tatu tangu Krismasi. Siku hizi nyimbo za mazishi tunazijua kuliko za harusi.

Mama aliponiona hakunisalimu. Alinitazama shingo, akatazama mikono, kisha ile pini kwenye sketi. Kaka yangu Projest alibana suruali yake kwa pini miezi minne tu kabla hatujamzika. Nilisahau. Mjinga mimi, nilisahau kabisa.

Nilipoingia jikoni wanawake wakanyamaza. Redioni wanasema Ukimwi. Kwetu wanasema "ule ugonjwa" na kutazama chini. Jana walitazama chini.

Leo kabla ya misa nikasikia panga kwenye kibanja, shamba letu la migomba ambamo tunazika. Nikaenda. Baba alikuwa anaangusha migomba miwili kando ya kaburi la Projest. Mikungu yake bado michanga, haifai hata kupikwa. Kwetu mtu hakati mgomba wenye mkungu mchanga hivi hivi. Nikamwuliza anafanya nini. Akasema anapanua nafasi. Hakunitazama usoni.

Sikuuliza nafasi ya nani. Nikapanda basi kurudi chuoni Bukoba.

Jumanne, 12 Februari

Nimeandika barua nyumbani. Nimekiri yote. Hakuna kwaya, ni mpira, nakimbia kila siku kama mwehu, ndiyo maana nimekonda. Nimempa jirani wa kwetu anayeshuka Muleba aipeleke.

Kaka wa beki wetu Jovina kaja kumchukua na sanduku lake. Kisa? Amekonda. Sote tumekonda! Nimempandishia sauti yule kaka mpaka Mwalimu Paskazia akanivuta pembeni. Kaka mwenyewe machozi yalikuwa yanamlengalenga. Wamezika dada wawili mwaka jana. Nikaona haya.

Tumebaki kumi na mmoja kamili.

Ijumaa, 15 Februari

Nina hofu. Naandika hapa tu. Sijawahi kulala na mwanaume. Sijachomwa sindano tangu utoto. Najua mimi ni mzima. Lakini leo nimeutazama ulimi wangu kwenye kioo mara nne. Nikikohoa nasikiliza nimekohoaje. Mama kanitazama mara moja tu na sasa najitazama kwa macho yake.

Mazoezini nimekosa pasi za kitoto. Adventina kauliza nina nini. Nimemjibu vibaya.

Jumatano, 20 Februari

Baba amekuja. Koti la misa, kofia mkononi. Kasafiri tangu alfajiri. Amemwomba Mkuu aniruhusu nirudi nyumbani "kupumzika". Nalijua neno hilo. Hata Projest aliambiwa apumzike.

Barua wameipata. Hawakuiamini. Nikaanza upya: Tata, ni mpira, mpira wa miguu, tuna jezi, tuna golikipa. Akanishika mkono akaupapasa. "Mwana wange, mwanamke gani anacheza mpira?" Kwa upole ule ule aliokuwa akimjibu Projest alipokuwa anaweweseka. Laiti angenigombeza! Nimezoea kugombezwa na baba yangu. Upole huu unanizika.

Mwalimu Paskazia ndiye aliyeniokoa. Kamwambia, mzee, Jumamosi tuko Muleba, ni karibu na kwako, mchukue pale pale uwanjani. Akakubali. Alikubali kama mtu anayemtimizia mgonjwa haja ya mwisho. Kwa hiyo nina siku tatu. Nisipomwonyesha Jumamosi, chuo basi, ualimu basi. Nitakaa nyumbani nikinyweshwa uji mpaka niugue kweli.

Ijumaa, 22 Februari

Tumefua jezi. Namba nane yangu imechanika kwapani. Nimeshona. Baba akiniondoa kabla ya mechi, tuko kumi. Wenzangu wote wanajua. Hakuna aliyenilaumu, na hilo limeniumiza zaidi.

Jumamosi, 23 Februari

Vidole vinauma lakini nitaandika.

Baba alifika mapema, akasimama nyuma ya goli letu na mwavuli wake. Kando yake kaweka blanketi. Blanketi! Jua kali, saa tisa mchana.

Nilicheza kwa hasira. Sikumtazama. Wale wauguzi wana miguu minene na hawana huruma. Dakika ya ishirini wakatufunga. Winga wetu akasawazisha. Akapiga kelele mpaka sauti ikamkauka. Mapumziko, moja moja. Baba hajasogea.

Kipindi cha pili beki wao akanikata miguu, nikaanguka kifudifudi. Kifua kikabana, sikuweza kuvuta pumzi. Nikaona viatu vyeusi vya misa kwenye majani. Baba kaingia uwanjani, mbio, na blanketi mikononi. Refa anapuliza filimbi, watu wanacheka, yeye hasikii. Akapiga magoti aninyanyue.

Nikampigia kelele. Kwa Kihaya, mbele ya kadamnasi: Tata, toka uwanjani! Utatufungisha! Maisha yangu yote sijawahi kumpandishia sauti baba yangu. Akaduwaa. Nikainuka, nikamshika mabega, nikamsukuma mpaka nje ya mstari. Nilimsukuma kweli. Kisha nikarudi kukimbia, mpaka filimbi ya mwisho.

Tumefungwa mbili moja. Bao la pili lilikuwa la kuotea na nitalisema hivyo mpaka nife.

Baada ya mechi nikaenda nilipomwacha. Nilijiandaa kuomba radhi. Alikuwa amekaa chini juu ya blanketi, amejifunika uso kwa kofia. Mabega yanatikisika. Nikafikiri nimemuaibisha. Akasema kwa sauti ndogo sana, "Kumbe unakimbia." Akarudia. Nikakaa karibu naye na jasho langu, nami nikalia. Adventina akatuletea maji akatuacha.

Mwalimu Paskazia kanipa ruhusa nilale nyumbani, Jumatatu nirudi chuoni. Chuoni! Mkuu hana cha kufuta: tulikuwa kumi na mmoja mwanzo hadi mwisho.

Jumapili, 24 Februari

Kishanda. Mvua imenyesha alfajiri, sasa kumetulia. Mwili wote unauma.

Jana tulipofika Baba hata hakuketi. Alimwita Mama nyuma ya nyumba, wakakaa huko muda mrefu. Aliporudi, Mama alinitazama magoti yaliyochubuka, akaenda kulala.

Leo nimechelewa kuamka. Mama kafungua mlango kwa kishindo. Kwa nini nimelala mpaka jua kutoka, chuoni ndivyo wanavyonifundisha, miguu ya kukimbilia mpira ninayo ila ya kwenda kisimani sina? Ndoo mbili, na upesi, ndizi za bitoke zinangoja maji.

Mgonjwa hatumwi maji kwetu.

Nimechukua ndoo nikaenda. Kisimani nimekaa kidogo, peke yangu. Kisha nikazijaza zote mbili mpaka juu.