Salamu kwa Sajini Omara

Bwera, 4 Agosti 2014

Kwako mwanangu Nobert,

Habari za huko Marekani? Unakula vizuri? Mgongo umepoa? Sisi hatujambo, ila magoti yangu na mafua ya dada yako Resty, anasema ni chaki za shuleni kwake. Barua hii ataipiga picha na kukutumia kwa simu, kama kawaida. Mimi napenda kuandika, maana tukiongea kwa simu sauti yako hukatika nikiwa bado nina maneno.

Tangu Baba yako atuache, mwaka wa pili sasa, bado naweka vikombe vitatu mezani. Resty hurudisha kimoja kabatini.

Ile mechi ya Desemba uliyotutumia, Semakula aliionyesha kwenye kibanda chake cha video. Watu walijaa. Aliwaeleza kwamba uliondoka hapa na miaka kumi na tano, misheni ikakulipia shule ucheze mpira wa kikapu, na Wazungu walipoona mabega yako wakakuhamishia kwenye huu mpira wao wa kugongana. Mama mmoja anayebadilisha pesa kule mpakani akaniuliza, "Mama Nobert, hii iko mupira ama vita? Hawa batu beko napigania nini?" Nikamwambia nitakuuliza wewe.

Kisha ukagongwa. Ukaanguka, ukainuka, ukaanza kutembea kuelekea kwa wale wa nguo nyeupe, ambao si timu yako. Vijana wa boda boda wakapiga kelele: "Huyo amepotea njia! Mwiteni!" Kibanda kizima kilicheka. Mimi sikucheka. Ulikuwa unakwenda wapi, mwanangu?

Mama yako,
Feresita

*

Marekani, 8 Septemba 2014

Mama yangu mpenzi,

Salamu nyingi. Mimi ni mzima, na nakula kuliko nyinyi wote mkijumlishwa.

Yule mama wa mpakani mwambie kazi yangu ni kumlinda mrushaji wetu wasimfikie. Mimi ni ukuta, na ukuta haushiki mpira. Misimu mitatu nimekaa benchi nikitazama migongo ya wenzangu, nikiingizwa kwa dakika chache tu, kama siku ile ya Desemba. Jana, Mama, nilianza! Kocha alisoma jina langu kati ya wa kwanza. Aliyekuwa na nafasi hiyo ameumia goti. Nikiishikilia mpaka mwisho wa msimu, watanipa mkataba mpya. Nikiiachia hata mechi mbili, kuna kijana wa miaka ishirini na miwili anangoja nyuma yangu, na hatairudisha.

Kuhusu kupotea njia, kichwa kilizunguka tu. Hapa vichwa vya wote huzunguka. Daktari wa timu hutuuliza maswali, tutaje miezi kwa kurudi nyuma. Mimi huiimba kila asubuhi nikioga, Desemba, Novemba, Oktoba, kwa hiyo hata nikigongwa inatoka yenyewe. Jana niligongwa, nikaitaja yote, nikarudi uwanjani. Tukashinda. Usiogope.

Msalimie Resty. Msalimie na Baba, mwambie aache kukaa nje alfajiri bila koti. Kile kifua chake nakijua.

Mwanao,
Nobert

*

Bwera, 15 Septemba 2014

Nobert mwanangu,

Mungu akulinde. Leo sitakuuliza habari za chakula.

Resty alikuwa ananisomea barua yako huku nachambua maharage. Alipofika kwenye salamu zake akaiweka simu chini. Nikamwambia, "Endelea." Akasema, "Imeisha, Mama." Niliyaona macho yake, nikachukua simu, nikavaa miwani, nikasoma mwenyewe. Akasema, "Labda anatania." Nikamjibu kwamba Nobert anatania watu wote, lakini Baba yake hapana.

Baba yako tulimzika Muhokya. Na mimi nilikuwa nimekutajia habari hiyo katika barua uliyokuwa unaijibu. Ulikuja kumzika. Ulishika jeneza kwa mbele, na kwa urefu wako likainamia nyuma, na mjomba wako Eridadi akakunong'oneza, "Wewe, punguza miguu, tutammwaga sajini!" Ukacheka, kisha kicheko kikakugeukia kuwa kilio. Ulitembea umekunja magoti mpaka kaburini. Suruali ile nyeusi ilipasuka, mimi nikaishona jioni ukiwa umejifunga leso yangu.

Unaikumbuka siku hiyo? Sikutegi. Nakuuliza kwa sababu mimi ni mama yako.

Mwambie daktari ulichoniandikia, na habari ya kuimba miezi pia. Usicheze kabla ya kumwambia. Nijibu upesi.

Mama yako,
Feresita

*

Marekani, 11 Oktoba 2014

Mama,

Habari za siku nyingi. Samahani kwa kuchelewa.

Nilikuwa nimechoka, nikaandika kwa mazoea. Miaka yote nimefunga barua kwa kumsalimia Baba, mkono ulikwenda wenyewe. Najua amekufa. Jeneza nalikumbuka. Suruali siikumbuki, lakini nani hukumbuka suruali?

Tumecheza mechi nne tangu hapo na sijakosa hata moja. Daktari sijamwambia. Nikimwambia watanikalisha, na nikikaa nimekwisha. Kazi nyingine sina, Mama. Nina miaka ishirini na sita na ninachojua ni kusukuma watu.

Baba aliamka kwa paredi akiwa na malaria. Alinifundisha kwamba askari haachi lindo. Angeniambia nisimame.

Resty ameniandikia kwamba ana anwani ya timu. Mkataze. Akiwaandikia, msinitafute tena.

Nobert

*

Bwera, 13 Oktoba 2014

Kwa mwanangu Nobert,

Pokea salamu zangu, hata kama umezikasirikia.

Nitakueleza jambo la Baba yako, ulikuwa mdogo, tukikaa kambini. Mwaka ule macho yake yalianza kuona vitu viwili viwili. Kwenye shabaha alilenga kwa kubahatisha na hakuna aliyejua, maana alikuwa na bahati. Asubuhi moja alipiga pasi nguo zake, akaisafisha bunduki, akaenda kwa mkubwa wake. Nilikuwa naanika nguo karibu na ofisi, nikasikia kila kitu. Alisema, "Afande, siwezi tena. Nitaua mwenzangu." Mkubwa akafoka, "Omara, unaogopa?" Akajibu, "Ndiyo, afande. Chukua." Akaiweka mezani, akapiga saluti. Njiani kurudi nyumbani akanunua muwa, akaumenya kwa meno, wewe ukala zaidi ya nusu.

Huyo ndiye Baba yako. Usimtume kunisemea neno ambalo hakulisema.

Leo Resty anawaandikia. Mimi ndiye niliyemwambia, usimlaumu. Nimemwomba angoje mpaka jioni ili barua hii itangulie, nawe upate nafasi ya kumwambia daktari kwa mdomo wako. Sipendi kukuzunguka.

Utakasirika. Kasirika, mwanangu, lakini uwe unajua unamkasirikia nani.

Mama yako

*

Marekani, 30 Novemba 2014

Mama,

Mimi sijambo. Natumaini nanyi hamjambo.

Barua yako niliisoma asubuhi, nikiwa kwenye gari mbele ya uwanja wa mazoezi. Nikaisoma tena. Nikaingia kwa daktari kabla ya ile ya Resty kufika. Nilimweleza habari ya miezi. Hakunipigia kelele. Aliniuliza niliyempigia simu mara ya mwisho, na mji tuliochezea Jumapili iliyopita. Mji sikuujua. Kila dakika nilifikiri mji utanijia, Mama, kama jina la mtu unayemwona kanisani. Haukuja.

Wamenipiga picha za kichwa, wamenipeleka kwa madaktari wengine. Wamesema nisicheze tena kamwe. Yule kijana alianza Jumapili iliyofuata. Ni mzuri. Nilitazama kwenye televisheni taa zikiwa zimezimwa, maana mwanga unaniuma.

Nimekukasirikia wiki nyingi, ndiyo sababu ya kimya. Bado sijamaliza. Lakini nitakuja nyumbani Krismasi ikipita, na nikifika nataka kwenda Muhokya.

Mambo kama yale ya suruali, ukiyakumbuka mengine, niandikie. Nitayaweka pamoja.

Mwanao,
Nobert

*

Bwera, 3 Desemba 2014

Mwanangu Nobert,

Umeamkaje? Kichwa kinauma zaidi asubuhi au jioni? Nitafunika dirisha la chumba chako kwa blanketi zito.

Ukishuka Kasese usipande boda boda. Watakuita kwa jina na kukubembeleza, kataa. Resty atakuja na gari la Eridadi. Semakula anasema atakubeba mgongoni, nikamwambia ajaribu kwanza kubeba friji.

Umeniomba mambo madogo. Uliogopa bata. Ulipoanza shule ulilia kwa sababu walikukalisha nyuma, ulikuwa mrefu. Ulinyonya kola ya shati mpaka ikabadilika rangi. Siku uliyoondoka ulirudi kutoka kwenye gari ukasema umesahau kitu, ukaingia jikoni, ukasimama tu karibu yangu, ukatoka mikono mitupu. Nilijua hukusahau chochote.

Nitaandika mengine kesho, na kila siku nitakayoweza. Ukiyasoma na usiyatambue, usiogope na usijilazimishe. Mimi nitakuwa nayajua kwa ajili ya sisi wawili.

Basi, mwanangu. Kama nafasi kichwani ni chache, mengine yaache yaende. Mimi unikumbuke.

Mama yako,
Feresita